Kamba ya Nguo ya Masista

Watu wa mlima wa Nyabitare, huko Masisi, hawakuhitaji redio kujua kama vita inakaribia. Walitazama ng'ambo ya bonde, kwenye kamba ya nguo ya masista. Vitambaa vyeupe vya kichwa vikiwa vimeanikwa, kila mtu alichukua jembe lake akaenda kupalilia maharage. Kamba ikiwa tupu siku ya kufua, watu walianza kufunga magodoro.

Mazoea hayo yalikuwa ya tangu ukoloni, masista wa Kibelgiji walipojenga pale shule ya matofali. Wazungu wale waliwafundisha wasichana wa mlimani katekisimu na kushona, na kuwachapa viganja kila walipoteleza wakasema lugha ya mama zao. Mengine hayasahauliki. Lakini mlima uliwasamehe kwa jambo moja: miaka ilipoharibika, wenye magari walikimbia, wao wakabaki na kuendelea kufua. Sasa mzungu wa mwisho alikuwa amelala kaburini nyuma ya kanisa, na masista walikuwa wawili tu, wazaliwa wa Kivu wote wawili. Kamba ilikuwa ile ile, na watu waliendelea kuitazama.

Sista Astrid Byukusenge, mwalimu wa darasa la sita, aliona ni kichekesho.

"Kumbe kazi yangu kubwa hapa ni kuanika nguo," alimtania Honoré Kanyamibwa, siku mkulima huyo alipoleta maharage ya chakula cha shule.

Honoré hakucheka. Binti yake Estelle alikuwa wa kwanza darasani kwa Astrid, msichana wa miaka kumi na miwili asiyepoteza hata kalamu, na nyumbani walikuwa wengi.

"Masœur, miye niko na batoto bane, na mama yangu muzee hatembei tena. Kama ni kukimbia, ni miye njo nitamubeba ku mugongo. Napashwa kujua kabla ya wengine. Siku mutaenda, utaniambia?"

"Nitakuja miye mwenyewe kukuambia, Papa Estelle."

"Kweli?"

"Kweli kabisa."

Aliahidi upesi, kama mtu anayeahidi kitu anachoamini hakitamfika. Kilimfika Jumamosi ya mwezi wa tano, asubuhi, vitambaa vikiwa ndiyo kwanza vimeanikwa na vinachuruzika maji. Mama Elisabeth, mkuu wake, mtawa wa miaka sabini na kitu, alitoka chumbani na simu mkononi, uso umemshuka.

"Wakubwa wetu wa Goma wanasema tutoke sasa hivi. Njia ya Sake imefungwa, tutapita Walikale. Pikipiki mbili zinatungojea nyuma ya kanisa."

"Na watu, Mama?"

"Watu hawapashwi kujua. Njia iko moja tu. Wakijua, watajaa mu njia na batoto na mbuzi, na wale wenye silaha watatukuta wote palepale. Tena Jumanne tutarudia."

"Nilimuahidi muntu."

"Kabla yake ulimuahidi Mungu."

Tangu aweke nadhiri ya utii, miaka kumi na miwili iliyopita, Astrid hakuwahi kushindana na agizo, na alijivunia jambo hilo kidogo, Mungu amsamehe. Akafunga begi lake. Akatia ndani fomu za mtihani wa darasa la sita, maana kwa moyo wake wote alitaka kuamini ile Jumanne.

Alipokuwa akivuka ua ndipo wazo lilipomjia. Hakuhitaji kumwambia mtu neno lolote! Vitambaa vilikuwa sita tu. Akivianua, kamba itabaki tupu siku ya kufua, na Honoré ataona. Nadhiri itakuwa salama, na ahadi pia. Moyo ulimruka kwa furaha, kama mtoto aliyepata jibu la hesabu. Akaweka begi chini, akatoa kibanio cha kwanza, akatoa cha pili.

"Astrid. Unafanya nini?"

"Ninaanua, Mama. Ni nguo zetu."

"Ziko na maji. Uziache."

Wakatazamana. Mama Elisabeth alikuwa amekaa Nyabitare miaka arobaini. Aliijua maana ya kamba ile kuliko wote, na Astrid aliona machoni mwake kwamba amegundua hila yake.

"Uirudishe," mzee akasema taratibu.

Nami nitalisema wazi, maana wapo watakaotaka kumtetea. Hakuna aliyemshika mkono. Hakuna bunduki iliyoelekezwa kwake. Alikirudisha kitambaa kwenye kamba kwa vidole vyake mwenyewe, akakibana, akakinyoosha pembe kisikauke na mikunjo, kwa sababu ndivyo alivyofundishwa. Kisha akachukua begi lake.

Walifika Buleusa baada ya siku mbili za matope na miti iliyoanguka njiani, migongo imekufa ganzi. Jumanne haikuwarudisha popote. Jumatatu hiyo walipofika, habari ilikuwa imewatangulia: Nyabitare imeingiliwa na wenye silaha Jumapili jioni. Nani amekufa na nani amepona, hakuna aliyejua. Kila kundi la wakimbizi lilipotokea barabarani, Astrid alikimbia kuwauliza habari za Honoré Kanyamibwa, mtu mrefu, anayembeba mama yake mgongoni. Walimjibu wameona wengi wanaobeba mama zao. Mama Elisabeth alizidisha rozari na kupunguza chakula.

Watoto wa wakimbizi walikuwa wengi mno kuachwa wanazurura, kwa hiyo Astrid alifungua darasa kwenye banda la kanisa. Wiki ya tatu, mwanamke mmoja aitwaye Mukashema, jirani wa Honoré, aliingia humo akiwa amemshika Estelle mkono.

"Huyu njo alibakia," alisema.

"Na wengine?"

"Walikuwa mu nyumba, Masœur. Wote. Yeye alikuwa ameenda kuteka maji."

Astrid akamwonyesha Estelle nafasi ya kukaa na kuendelea na somo, na mpaka leo hajui siku ile alifundisha nini. Mtoto alikaa na daftari jipya mbele yake bila kuandika hata tarehe. Wenzake walipotoka kucheza, alibaki. Astrid akaja akachuchumaa kando ya benchi.

"Estelle, mwanangu."

"Ni miye, Masœur," mtoto akasema bila kumtazama. "Ni miye nilimudanganya Papa."

"Ulimudanganya namna gani?"

"Papa alikuwa ananituma kila asubui niangalie kamba yenu. Ile Jumapili, majirani wetu wa kwa Kabera walianza kukimbia. Mama akasema na siye twende. Papa akasema, Estelle, uende kwanza kuangalia. Nikaenda, nikarudi, nikamuambia masista wako, nguo zao ziko. Papa akasema, basi tubakie." Akalifunga daftari. "Pengine niliona vibaya."

Ilikuwa rahisi kumwambia si kosa lako, kumpangusa machozi na kumwombea. Mtawa yeyote angefanya hivyo na hakuna ambaye angemlaumu. Astrid alitamani sana kufanya hivyo. Lakini angemwacha mtoto huyu ajihukumu kwa jambo ambalo vidole vyake yeye ndivyo vilivyolifanya.

"Haukuona vibaya. Nguo zilikuwa pale. Siye njo hatukukuwa. Tulienda Jumamosi."

Estelle akageuza uso.

"Mulisahau kuanua?"

"Hapana. Miye nilianza kuanua, nikakatazwa, nikarudisha."

"Ulijua kama Papa anaangalia?"

"Nilijua."

Mtoto alifikiri kwa makini, vilevile alivyokuwa akifikiri mbele ya ubao. Nje wenzake walipiga kelele za mpira. Astrid alingojea kilio, au matusi, na angeyapokea yote kwa shukrani.

"Si ungeniambia miye peke yangu," Estelle akasema. "Miye najua kunyamaza."

Astrid alinyoosha mkono kumshika bega, na bega likasogea pembeni, kwa heshima, kama mtu anavyompisha mgeni mlangoni. Kisha Estelle akainua kidole.

"Naomba kutoka, Masœur."

Akamruhusu.

Siku ya pili hakuja. Astrid akaenda mpaka kwenye kibanda alichokuwa amepewa Mukashema, akakuta familia nyingine inawasha moto ndani. Wakamwambia mwanamke yule na mtoto wameondoka alfajiri, wamefuata watu wanaokwenda kubeba mizigo huko kwenye machimbo ya msituni. Majirani wote walikuwa wameagwa tangu jana.

Yeye hakuna aliyemwambia.