Sauti ya Mahindi Makavu

Shaa. Shaaa. Mahindi yalikuwa yakimiminwa mahali, nami bado niko nje ya mlango wa kina Nekoye, Myanga. Nilipoingia sikuona hata punje. Sauti ilitoka kwenye simu iliyowekwa mezani, na Nekoye alikuwa ameiinamia, macho ameyafumba.

“Baba, anika siku mbili zaidi,” akamwambia mkulima wa Misikhu. “Ukileta Kitale leo watakurudisha nayo.”

Akakata simu, akaniona. “Kibe. Madam Rahab amekutuma.”

Nikampa barua ya meneja wetu huyo. Arudi ofisini Kitale Jumatatu saa mbili asubuhi, au aache kazi. Kampuni yetu hununua mahindi, na mwaka mzima alikuwa akiwashauri wakulima kwa simu kutoka nyumbani. Nilijitolea kuileta barua hiyo. Niliamini mtu anayefanyia kazi nyumbani kwa mama yake analala tu.

“Ati unasikia unyevu wa mahindi kwa simu?” nikamcheka.

“Huko ofisini sikuwa nasikia kitu. Malori, redio, wewe na mashairi yako. Kazi naipenda, bana. Lakini pale siiwezi.”

Nilikuwa na kipimo cha unyevu kwenye mkoba. Nikatoka hadi ghalani, nikapima gunia la kwanza: asilimia kumi na nne nukta sita. Nikampigia simu, nikamimina konzi tatu kwenye karai bila kusema neno.

“Mimina tena,” akasema.

Nikamimina.

“Kumi na nne na nusu, labda inapita kidogo. Na hilo karai ni la mama. Ukimaliza kucheza, rudisha mahindi yake.”

Nikapima gunia la pili. Kumi na tatu kamili. Nikamimina.

“Hayo yako tayari. Yalianikwa juu ya bati.”

Nilitazama kipimo, nikatazama ukuta uliotutenganisha. Nikavua kofia, peke yangu, mbele ya magunia.

Niliporudi ndani nikaichukua barua mezani, nikaikunja.

“Jumatatu naingia kwa Madam Rahab na kipimo hiki na simu,” nikamwambia. “Atamimina mwenyewe, nawe utamjibu ukiwa hapa hapa. Akikataa kusikiliza, barua hii ailete kwa miguu yake. Mimi siileti tena. Nakuahidi, Nekoye.”