Stendi Mbili Nyekundu

"Haki ya Mungu, hapa hakuna hata chembe ya uongo!" alianza Mzee Chumvi, kama alivyoanza siku zote, akijiweka sawa juu ya tairi kuukuu mbele ya gereji aliyomwachia mwanawe. "Lori la magunia mia mbili ya mahindi! Nililiegemeza juu ya stendi zangu mbili tu za chuma, nikalala mvunguni siku tatu. Nilikoroma hadi boliti zikalegea, lakini lori halikutikisika."

Mafundi waliangua kicheko. Wao ndio waliomchokoza asimulie. "Umesikia, shemeji wa mzee?" mmoja alitania. "Wenzako wanalalia lori, wewe kapikapu kamekushinda!"

Shemeji, kaka wa mkewe Chumvi, alitabasamu kinyonge. Mguu wake wa kushoto ulikuwa ndani ya plasta hadi gotini. Daktari alishamwambia wazi kwamba mguu huo hautakanyaga klachi tena, naye riziki yake yote ilikuwa kupeleka saruji kwa wateja na ile pikapu.

"Kosa langu," alisema. "Nadhani stendi niliziweka upande. Sijui hata nilifanyaje."

Chumvi aliinamisha macho. Kicheko cha watu siku zote kilimshibisha kuliko chakula, ila leo hakukitaka.

Wiki tatu nyuma, shemeji alikuja kuazima stendi hizo afunge springi ya nyuma iliyokatika. Aliuliza kama mtu mwenye akili: "Zinabeba uzito gani, shemeji?" Palikuwa na mafundi wanasikiliza. Chumvi angefanyaje? "Weka hata nyumba," alijibu, "na mama mkwe ndani." Wakacheka. Shemeji naye akacheka, akazibeba, akaziweka chini ya pikapu bila kushusha hata mfuko mmoja wa saruji kati ya arobaini. Moja ikakunjika, pikapu ikamwangukia mguuni.

Nambari ya uzito ilikuwepo. Ilikuwa imegongwa kwenye chuma, karibu na kitako, ila mwaka ule alipostaafu Chumvi alizipaka stendi rangi nyekundu, tabaka tatu, zipendeze. Alijua alichokifunika.

"Endelea basi, mzee," mafundi walihimiza. "Siku ya tatu ikawaje?"

"Siku ya tatu..." Chumvi aliinua kichwa, akamwona mkewe akivuka barabara. Kwapani alikuwa na ile stendi nzima. Nyingine ilibaki kwa shemeji, imekunjika.

Mkewe hakusalimia mtu. Aliitua miguuni pa mumewe. Sehemu ya kitako ilikuwa imesuguliwa kwa msasa hadi chuma kinang'aa.

"Wasomee, Baba."

"Miwani sina."

"Iko kichwani."

Chumvi aliishusha taratibu. "Tani mbili," alisoma. Mkewe hakuondoka. "Soma na chini yake."

"Kwa jozi."

Kila mmoja pale alijua hesabu hiyo: kila stendi tani moja tu, na mifuko arobaini peke yake ni tani mbili, bado gari lenyewe.

"Na lile lori?" aliuliza shemeji polepole.

Chumvi alivua kofia. "Lilikaa juu ya magogo. Tena lilikuwa tupu. Stendi zilikuwa pembeni, zinatazama tu kama mimi. Sijawahi kulala chini ya lori maishani mwangu, shemeji. Naogopa."

"Kwa hiyo sikuziweka upande."

"Uliziweka sawasawa."

Shemeji alitazama plasta yake. "Ungeniambia tu," alisema. "Ningeshusha mifuko. Nusu saa tu, shemeji. Nusu saa."

Chumvi alichukua msumeno wa chuma akaikata ile stendi vipande viwili, asije mtu mwingine akaiazima. Kisha akanyoosha mkono. "Nipe ufunguo wa pikapu."

Tangu hapo ni yeye anayepeleka saruji, magoti yakilia kila anapopanda, shemeji kakaa kando yake akimwelekeza njia na kupokea malipo. Wateja humuuliza jamaa aliumiaje, na shemeji hugeuka dirishani, hajibu. Hiyo ni kazi ya Chumvi.

"Nilimdanganya," husema, "watu wacheke." Kisha huinama na kuubeba mfuko.