Nyuzi Chini ya Kucha

Saa tisa alasiri mvua inapiga bati la ofisi ya kumbukumbu za wagonjwa, nami naegemeza paji la uso juu ya faili la Sifaeli, dakika moja tu, najiambia, kwa kuwa kila kisanduku kimejazwa. Miaka kumi na saba nafundisha jinsi ya kugeuza jeraha kuwa msimbo: ajali ya pikipiki na lori ina herufi yake na tarakimu zake, na tarakimu ya mwisho husema nani alikuwa wapi. Nne ni dereva, tano ni abiria, tisa haijulikani. Tisa ni uvivu, huwaambia wanafunzi wangu. Sifaeli ana miaka kumi na tisa, yuko wodini, hasemi. Kaka yake Amoni amefia barabarani. Pikipiki ilikuwa moja, na polisi wanasubiri fomu yangu, maana aliyeendesha atashtakiwa kwa kifo cha mwenzake. Paja limevunjika, mbavu tatu, taya. Yote nimeyapa namba, na mwisho, ili kisanduku kisibaki wazi, nimeandika nne. Faili linalainika chini ya paji langu kama tope, nami nazama ndani yake, kwanza uso, kisha mabega, hadi viatu vyangu vinagusa lami.

Barabara haina mwanzo wala mwisho. Lori linakuja, linaigonga pikipiki, mfupa unalia kama kuni kavu, damu inaruka hadi kwenye shati langu, kisha kila kitu kinarudi nyuma na lori linakuja tena. Kando wamejipanga waendesha bodaboda, wamevaa kofia ngumu, na nyuma ya vioo vya kofia hizo hamna uso, mna mvua tu inayonyesha. Mwalimu, twende? anauliza wa kwanza. Huyo hapandi, anasema wa pili, anaogopa naye asije akapewa namba. Wanacheka, na lori linagonga tena. Nauliza, nani alikuwa akiendesha? Hapa hatujibu, mzee wangu, anasema wa kwanza, hapa tunatega. Kitendawili! Tega, naitikia, kama nilivyoitikia utotoni. Nyumba kumi, kila moja ina kamba nyekundu mlangoni. Vidonda kumi vilivyoshonwa, najibu upesi. Umekosa, nipe mji. Utotoni tuligawa miji kwa mdomo na hakuna aliyepungukiwa, basi natoa kwa mazoea: chukua Korogwe. Mara Korogwe inasimama mbele yetu, kuta zake zote ni vioo, watu wake wanatembea huku kulia kwao kukiwa kushoto, na lori linauacha mwili wa Amoni, linaingia katikati ya mji. Mwanamke anayeanika kanga anapasuka pamoja na taswira yake. Vipande vinanyesha. Nyumba kumi, anarudia yule asiye na uso, bila huruma na bila haraka, kama mimi ninavyorudia somo. Mbavu, nasema, mbavu zilizotoka damu. Umekosa. Chukua Kibaigwa, nalia, na Kibaigwa nayo inasagwa, meno na vioo havitofautiki tena lamini. Nyumba kumi. Natikisa kichwa, sitoi mji wa tatu. Miji imekuishia, mzee wangu, sasa tupe Sifaeli.

Wanamburuta kwa mguu uliovunjika. Juu ya paji lake nne yangu inawaka kama chuma cha kupigia ng'ombe chapa, inanuka nyama, na pingu zinalia mikononi mwao. Subirini, nasema, mwalimu husahihisha mara mbili. Vichekesho hivi! anasema wa pili, lakini wananiachia mikono yake. Naisoma kidole kwa kidole. Chini ya kila ukucha kuna uzi mwekundu. Na Amoni, pale lori linapomrudia, amevaa sweta jekundu lililochanika tumboni. Nakumbuka mstari wa muuguzi wa mapokezi, ukurasa wa pili: nyuzi nyekundu chini ya kucha zote. Niliuruka. Uzi hauna msimbo, na kisicho na msimbo mimi hukiruka, na hivyo ndivyo nilivyowafundisha mia tatu wengine. Kucha! napiga kelele. Alimkumbatia kwa nyuma, alikuwa abiria! Umepata, anasema asiye na uso, lakini miji hairudi, na lori linageuka, linanijia, taa mbili, kifua changu kinaingia ndani kama kopo.

Nainuka kwenye meza nikihema. Mvua. Faili. Ukurasa wa pili, mwandiko wa muuguzi, nyuzi nyekundu. Nakata nne kwa mstari mmoja ulionyooka, bila kufuta, naandika tano, naweka sahihi na tarehe, kama inavyotakiwa. Mlango unafunguliwa. Polisi amesimama na koti la mvua, kofia ya pikipiki kichwani, kioo kimeshushwa. Mwalimu, fomu iko tayari? Iko tayari, afande, lakini vua kofia kwanza nikuone. Anacheka. Nina haraka, mzee wangu, lete tu. Anaichukua, anaikunja, na akiwa kizingitini anageuka. Nimetoka Korogwe sasa hivi, anasema. Barabara nzima ni vioo vitupu.

Pikipiki inawaka, inaondoka. Nautazama mkono wangu uliobaki wazi, na sijui ile tano nimeiandika upande upi wa kioo.