Machozi ya Mzee Baek

Adolphe alimdharau Baek Mun-sik waziwazi, mbele za watu. Miaka hamsini ya kuigiza huko Korea, sinema themanini, na bado jitu zima linalia! Katika sinema za ujanani alizabwa kofi na jemadari, akalia. Alipoota mvi wakampa nafasi za baba, akamlilia kila mtoto. Eti wakampa na tuzo. Tuzo ya nini, jamani? Ya kamasi?

"Mwanamume gani huyu?" Adolphe aliuliza kwenye maikrofoni, na banda la video la kambi ya wakimbizi ya Kakuma likaangua kicheko.

Kikorea hakukijua hata cha kuombea maji. Kazi yake ilikuwa kusema Kiswahili juu ya sauti ya sinema, papo hapo, na kwa miaka kumi na miwili alikuwa akimtengeneza yule mzee. Baek akilia, Adolphe alisema ni moshi. Akimwinamia bosi, Adolphe alimtukana bosi kwa niaba yake. Bila mimi huyu si kitu, alijigamba.

Mchana huo Sylvia alikuja kutoka Lodwar kumsikiliza. Alikuwa akitafuta mtu wa kutafsiri sinema katika ukumbi mpya kule, na atakayempata angemfuatilia kibali cha kutoka kambini. Tangu akimbie Uvira, kule Kongo, Adolphe hakuwa ametamani kitu kama kibali hicho. Akavaa shati la kanisani.

Kwenye skrini, Baek alipiga magoti kwenye kizuizi cha barabarani mbele ya askari.

"Nipishe, kinyangarika wewe!" Adolphe akanguruma. "Unanijua mimi?"

Watu wakapigapiga mabenchi. Sylvia hakucheka.

Sinema ilipoisha alimsubiri kando ya gari. "Maandishi ya Kiingereza yako pale chini, husomi? Mzee alikuwa anaomba apite akamwone binti yake hospitalini."

"Madamu, kuomba vile ni aibu. Watu wa hapa hawataki..."

"Basi kazi huijui. Yule ni mwigizaji. Wewe ni mpiga kelele tu." Akaingia garini.

Adolphe alitaka kumpa jibu la kumkomesha; majibu ya namna hiyo alikuwa nayo tele. Gari likawashwa. Lo! Akajikuta chini mchangani, na shati lake la kanisani, ameng'ang'ania mlango, machozi yanamchuruzika. Watazamaji wake wote walikuwa wametoka nje.

"Simama, baba," Sylvia alisema, akipandisha kioo. "Watu wanakutazama."