Amri Kutoka Juu

Ramula alifika Jinja kutoka Mbale akiwa na sanda kwenye mfuko wa plastiki, akaketi kwenye benchi la kituo cha polisi. Afande Otim alikuwa anakunywa chai. Alimpa pole, na haki yake apewe, alimaanisha. Kisha akamwambia kwamba maiti ya mumewe haitoki.

"Amri imetoka juu, mama."

Hapo paa likaondoka. Halikung'oka wala halikupiga kelele. Lilikuwapo, halafu halipo. Otim alifunika kikombe kwa kiganja na kusogeza kiti ukutani. Lilikuwa hivyo tangu Bruhan, mume wa Ramula, afie mahabusu: ukitaja juu, bati linakwenda zake. Seremala alishaitwa, akasema mbao ni nzima.

Bruhan alikuwa fundi viatu wa mtaa wa Malukhu, Mbale, na maneno hayakumkauka mdomoni. Alisema binadamu hahitaji bwana ndipo atende haki. Chemchemi ya mtaa wao waliisafisha kwa zamu miaka nenda miaka rudi, bila mwenyekiti. Majirani walisema kichwa kimemlegea, wakaendelea kuteka maji. Mwishowe alikwenda Buwenge, karibu na Jinja, kuwaambia wachuuzi wa soko kwamba wanaweza kujigawia vibanda wenyewe. Wakajigawia, bila ugomvi. Ndipo akakamatwa.

Ramula alitaka kumwosha kwa mikono yake na kumzika kabla hajaharibika, basi. Aliinua kichwa. Kulikuwa na mawingu na mwewe.

"Juu yuko nani, afande?"

Otim naye alitazama, muda mrefu, mpaka shingo ikamuuma.

"Mimi sioni mtu," alisema. "Lakini amri iko."

Mvua ikaanza. Chumba cha nyuma nacho kilikuwa wazi juu, na kupitia mlangoni Ramula alimwona mumewe sakafuni, ananyeshewa. Maji yalimwanzia upande wa kulia, kama sheria ya dini inavyotaka, yakaja kushoto, yakamtoa damu iliyoganda sikioni. Ramula aliinuka. Otim alimzuia kwa mkono mwepesi, akimwomba radhi, na Ramula alimchukia kwa upole ule kuliko ambavyo angemchukia kwa kofi.

Mvua ilipokatika, Bruhan alikuwa safi. Otim alikwenda kuufunga mlango wa chumba kile kisicho na paa, akazungusha ufunguo, akavuta kitasa kuhakikisha, akamwambia mjane ajaribu tena kesho.