Mpaka Mpunga Uvunwe

Mwalimu Apolinari alifundisha Mpimbwe, upande wa Mpanda, miaka mingi kabla ya kuingia siasa. Ualimu aliusomea kwa mapadri wa Karema, akarudi kwao na baiskeli na mke, Kasilda, binti wa wavuvi wa ziwani, ambaye hakuacha kulalamika kwamba samaki wa Mpimbwe wananuka tope.

Mwaka 1970 wazee wa chama walimfuata nyumbani wakamwomba agombee ubunge. Akakataa, wakarudi tena. Kasilda ndiye aliyemwambia akate shauri moja, maana wageni walikuwa wanammalizia sukari. Basi akagombea. Alama yake ilikuwa jembe, ya mwenzake nyumba, akashinda. Akashona suti ya kwanza maishani mwake, akaanza safari za treni kwenda bungeni. Huko aliulizia barabara ya Sitalike na dawa za malale. Kila mara alijibiwa vizuri kwamba suala linashughulikiwa.

Mwaka 1974 ikaja operesheni ya kuhamia vijijini. Apolinari aliiamini. Alizunguka mwenyewe akieleza kuwa watu wakikaa pamoja watapata shule, maji na zahanati. Lakini malori yalipangwa kufika Aprili, na Aprili mpunga ndio kwanza unainamisha masuke. Mama yake, Bi Romana, alimuuliza kama huko wanakopelekwa watakula hotuba.

Msimamizi wa operesheni upande ule alikuwa Celestin, aliyejifunza kusoma kwa Apolinari huyo huyo. Kwenye mkutano wa Mpanda mjini, Apolinari alisimama akaomba watu wa Mpimbwe waachwe kwanza wavune.

"Mwalimu," Celestin akamjibu kwa upole, "tukiwangoja hawa, kesho wengine watasema mihogo yao haijakomaa."

"Watahama, na nitawaongoza mimi. Ila sitawaambia waache chakula shambani."

"Wewe ni mbunge wa chama. Unasema kwa niaba ya nani?"

Apolinari aliangalia mikono yake, kisha akasema, "Ya wenye mpunga."

Wakabishana hadi jioni. Mwishowe Mpimbwe ikapewa nafasi ya kuvuna. Watu walikata mpunga, wakapura, wakajaza magunia. Malori yalipokuja, Apolinari alitangulia kama alivyoahidi. Bi Romana alipanda lori, akageukia upande wa makaburi ya wazee wake mpaka yakapotea nyuma ya miti.

Kijiji kipya hakikuwa kitupu. Familia kutoka pande za Sitalike, jimboni mwake humo humo, zilikuwa zimeletwa tangu Aprili, mahindi yao yakabaki shambani yakaliwa na nguruwe pori. Walikuwa wamekonda. Watu wa Mpimbwe waligawana nao mchele bila kuambiwa, na Apolinari akapita nyumba kwa nyumba kuwasalimu. Mjane mmoja, Verdiana, alimkaribisha kigoda, akamwacha akae vizuri, ndipo akasema:

"Mheshimiwa, tumesikia ulivyowatetea watu wako. Sisi mbunge wetu alikuwa nani?"

Apolinari akaaga. Alimwambia mkewe jioni ile kwamba kule mkutanoni, Sitalike haikumjia akilini hata kidogo.

Uchaguzi wa 1975 jina lake halikurudi kutoka kwa wakubwa wa chama. Watu wa Mpimbwe walimpa pole kama aliyefiwa, wakisema ameponzwa na mpunga wao. Celestin naye alikuja, akaketi muda mrefu, akaondoka bila kulitaja jambo lenyewe. Apolinari hakumwekea kinyongo. Aliomba kurudi kufundisha, akapewa darasa la kwanza hapo kijijini, chini ya paa la nyasi, watoto wa Mpimbwe na wa Sitalike wakibanana kwenye magogo.

Miaka ya baadaye, vijana waliotaka uongozi walimwendea kuomba ushauri. Aliwauliza ni vijiji gani vya jimbo wamewahi kulala. Wengi walitaja chao tu. Hapo aliwaagizia chai, akaanza kuwasimulia habari za Verdiana.