Kofi Lisilolipika

Siku Ödön Vadkerti alipotukanwa mkahawani, alirudi nyumbani akipiga mluzi. Mkewe, Piroska, alikuwa jikoni anakaanga vitunguu, na kwa namna mumewe alivyoingia alidhani duka la dawa limepata mteja mpya hospitalini.

"Nimetukanwa, mama watoto," Ödön akasema, akivua glavu zake taratibu. "Na Gedeon Karvaly mwenyewe. Mbele ya watu."

Alilisema hilo kama mtu anayetangaza kuzaliwa kwa mtoto wa kiume. Karvaly, akaeleza, alimnyang'anya gazeti mikononi, akalinusa, akawaambia wenzake kwamba linanuka mafuta ya bata bukini. Mkahawa mzima ukacheka. Piroska akauliza kwa nini basi na yeye anacheka.

Mtu asiyekulia katika mji wetu wa Szentes angeuliza vivyo hivyo. Baba yake Ödön aliuza bukini sokoni kila Jumamosi, na Ödön aliwanyonyoa mpaka alipokwenda mji mkubwa wa Pest kusomea dawa. Akarudi na cheti, akafungua duka lenye mitungi ya kauri, akanunua kofia ndefu, akaoa vizuri. Mara tatu aliomba kuingia klabu ya mabwana, na mara tatu wakampigia kura ya kumkataa, huku wakiendelea kuja dukani kwake kwa dawa za tumbo. Lakini sheria ya heshima ilikuwa na mlango wa uani. Mwungwana hupigana na mwungwana mwenzake tu. Ödön akishapeleka madai ya kupigana, na Karvaly akayakubali, basi Ödön ni mwungwana, bila kura, bila klabu. Kitakachobaki ni kufa au kutokufa, na hilo kwake lilikuwa jambo dogo.

Kwa Piroska halikuwa dogo. Karvaly hakuwa na kazi nyingine duniani isipokuwa kutumia kitara, ule upanga uliopinda. Miaka mitatu nyuma alimkata mpima ardhi mmoja kwa sababu ya zamu ya kucheza dansi. Mpima ardhi akazikwa, na Karvaly akafungwa kwa adabu zote katika ngome ya serikali, mahali wanapofungwa mabwana, pamoja na mvinyo wake na karata zake. Alirudi amenenepa.

Ödön akachagua mashahidi wawili wa kumpelekea Karvaly madai, kama desturi inavyotaka. Mmoja alikuwa daktari wa mifugo, mtu asiyekataa mwaliko wowote. Wa pili alikuwa Vendel, kaka yake Piroska, mwalimu wa kwaya, mnene, mpole, ambaye akiona chura hupanda juu ya kiti. Kisha Ödön akaajiri sajini mstaafu amfundishe kitara uani. Katika wiki ya kwanza alikata kamba ya nguo, shuka mbili, na tawi la mti wa plamu wa jirani. Sajini alimsifu sana. Alimwambia Piroska pembeni kwamba bwana ana moyo, na kwamba moyo ndio unaotakiwa, maana hicho kingine hakifundishiki tena kwa umri wake.

Usiku mmoja wa wiki hiyo Piroska alimsihi mumewe aache. Alimkumbusha watoto.

"Bora lawama kuliko fedheha," Ödön akasema.

"Nani kakufedhehesha? Mtu kanusa gazeti. Hata wewe ukinusa utakuta linanuka. Tulikula bukini mchana."

"Huelewi, mama watoto. Maisha yangu yote nimesubiri watu hawa wanikasirikie. Walikuwa wananicheka tu."

Piroska alielewa, na kuelewa huko ndiko kulikomuuma. Asubuhi akafunga kitambaa kichwani akaenda kwa Meja Bodor.

Meja huyu alikuwa mzee wa baraza la heshima, linaloamua nani anastahili kupigana na nani. Hakuwahi kupigana vita hata mara moja, lakini kanuni za mapambano alizijua kama padri ajuavyo misa. Piroska alimwambia bila kupindapinda: mumewe ni mtoto wa muuza bukini, na yeye mwenyewe aliwanyonyoa sokoni kwa ujira, mbele ya macho ya watu. Meja alifurahi kama aliyeletewa zawadi. Alikuwa amesikia fununu, akasema, lakini familia ikikiri, huo ni ushahidi.

Baraza likakaa. Ödön akasimama kwenye ukumbi wa nje na kofia yake ndefu mkononi, wahudumu wakimpita na sinia. Hatimaye Meja akatoka akasoma uamuzi: Bwana Vadkerti hana heshima ya kiungwana, asiye nayo hawezi kuvunjiwa, kwa hiyo Bwana Karvaly hakumtukana mtu. Ni sawa na kushtakiwa kwa kuiba kwenye nyumba tupu. Karvaly aliyeomba uamuzi huo akapiga makofi, na kwa kauli moja wakaenda kula.

Ödön alirudi bila mluzi. Alilala na viatu vyake, uso ukutani. Piroska alikaa kitandani akimsikiliza anavyopumua. Aliona haya kwa alichokifanya, wala hakujuta. Pumzi ile aliiona tamu kuliko kinanda cha kanisani.

Kumbe ameruka majivu, amekanyaga moto. Kesho yake Vendel aliingia jikoni, akakaa, akasukuma sahani mbali. Vendel kusukuma sahani ni habari ya msiba.

"Dada," akasema, "imeniangukia mimi."

Piroska akamtaka aeleze, naye akaeleza kwa sauti ya chini. Kanuni zasema hivi: mtu akikataliwa kwa kukosa hadhi, basi mashahidi waliobeba madai yake wamedhalilishwa, maana wamefanywa watumishi wa mtu asiye kitu. Ni lazima wamdai aliyekataa, wapigane naye wao. Daktari wa mifugo alipopata habari, akakumbuka farasi mgonjwa katika shamba la mbali sana, na farasi huyo hatapona upesi. Kwa hiyo ni Vendel. Jumamosi asubuhi, kwenye banda la mazoezi la wapanda farasi, vitara vizito, bila kufungwa bandeji shingoni wala tumboni.

"Mimi hata sijui kitara kinashikwa upande gani, dada."

"Kataa."

"Nikikataa sina heshima. Mzazi gani ataleta mtoto kwaya kwa mtu asiye na heshima?"

Piroska alijiona mtu aliyechimba kisima akamtumbukiza ndugu yake. Akakimbia tena kwa Meja. Alimwambia kwamba alidanganya, kwamba baba mkwe wake alikuwa bwana mkubwa, na wale bukini alikuwa akiwafuga kwa mapenzi tu. Meja akatabasamu kwa huruma. Maji yakimwagika hayazoleki, akasema, na uamuzi wa baraza ni maji ya namna hiyo. Lakini alikuwa mzee mpweke, na ni wachache waliomuuliza habari za kanuni kwa hiari yao. Akamkaribisha kahawa.

Piroska akanywa. Na kwa kuwa alikuwa amekata tamaa, akauliza tu, kama mtu anavyochokonoa kidonda. Je, kuna jambo lolote linaloweza kuzuia pambano?

Meja akajiweka sawa kitini. Yako mengi, akasema. Kwa mfano, mtu aliyepigwa kofi hawezi kusimama na mtu mwingine yeyote mpaka alioshe kofi hilo kwanza, kwa kupigana na aliyempiga. "Mpaka hapo, bibi, yeye si mwungwana. Ni shavu tu."

"Na aliyempiga akiwa mwanamke?"

"Mwanamke hana heshima ya kupigana. Anayejibu ni mwanamume wake. Mumewe."

"Si kaka yake?"

"Kaka hujibu kama mume hayupo duniani. Mume akiwa hai, kaka haruhusiwi hata kukohoa."

Piroska akamaliza kahawa yake, akamshukuru Meja kwa kumfundisha, akaondoka akitembea polepole kuliko alivyokuja.

Ijumaa, saa ambayo mabwana wote wako mkahawani, aliingia na kapu lake la sokoni lenye kabichi na hamira. Wanawake hawakuwa na desturi ya kuingia mle peke yao, basi wachezaji wa biliadi wakasimamisha fimbo zao. Gedeon Karvaly alikuwa anasoma gazeti. Piroska akamwendea mpaka mezani.

"Bwana Karvaly," akasema, "lile gazeti la mume wangu ulishamaliza kulisoma?"

Karvaly alilelewa vizuri. Akaona mwanamke amesimama, akasimama na yeye, akainama kidogo kwa adabu, na shavu lake likafika mahali panapofaa. Mkono wa Piroska ulikuwa umekanda unga wa mkate kila siku tangu ujana wake. Kofi lile lilisikika mpaka jikoni, ambako mpishi alidhani sahani imeanguka.

Kisha macho yote, pamoja na ya Karvaly, ambaye jicho lake moja lilikuwa linatoa machozi, yakamgeukia Meja Bodor.

"Ni wazi," Meja akasema. "Atajibu mumewe, Bwana Vad..." Kijiko chake kikabaki hewani.

"Endelea," Karvaly akasema.

"Mumewe hawezi kujibu. Hana heshima."

"Basi kaka yake! Si ninakutana naye kesho?"

"Mume yu hai, Gedeon. Kaka hawezi kumrithi mtu aliye hai."

"Lakini huyo mume si kitu!"

"Tuliamua hivyo, kwa kauli moja," Meja akasema kwa huzuni ya kweli. "Kwa ombi lako. Na hiyo kesho haipo tena. Huwezi kusimama na mtu wakati una kofi shavuni."

Piroska akaokota kabichi iliyodondoka, akaaga, akatoka. Vendel alipopata habari alikula sahani mbili za maandazi ya plamu, akaomba na ya tatu.

Ödön hakula. Alimngoja mkewe avue kitambaa cha kichwani, akamuuliza swali moja: nani alimwambia Meja habari za sokoni?

"Ni mimi," Piroska akasema. "Nilitaka uishi. Nikasirikie ukiwa hai."

Ödön akashuka dukani. Siku nyingi zilizofuata alimwambia habari za chumvi, kuni na watoto, si zaidi ya hapo. Piroska alilia mara moja, kwenye ghala, kisha akaendelea na kazi.

Yaliyompata Karvaly mji mzima uliyaona. Hakuna aliyemtukana; hawakuwa tena na haki ya kumtukana. Mkahawani watu walisogeza viti vyao kidogo, kama kwa bahati mbaya. Mialiko ya kuwinda ikapotea njiani. Aliyezoea kuinamiwa akaanza kutikisiwa kichwa tu, kisha ndevu tu, kisha akageuziwa mgongo. Alimwandama Meja kila siku amtafutie mwanamume yeyote wa kulilipa kofi lile, na Meja alitafuta kwa bidii, lakini duniani mwanamume huyo alikuwa mmoja tu, nao wenyewe walishamfuta.

Hatimaye wakaja dukani wote wawili, mchana kweupe, kwa mlango wa mbele. Karvaly alikuwa ameshika kofia mkononi. Piroska alikuwa nyuma ya rafu anapanga mitungi.

"Bwana Vadkerti," Karvaly akasema, "nimetafakari. Wewe ni mwungwana. Niko tayari kuapa mbele ya baraza."

Ödön akaweka mizani yake chini.

"Mwungwana kwa baba na babu," Meja akaongeza. "Baraza litakaa kesho. Na klabu imekwisha pitisha jina lako."

"Halafu?" Ödön akauliza.

"Halafu," Karvaly akasema, na sauti yake ilitetemeka kwa matumaini, "nitapata heshima ya kukukata."

Piroska alishikilia rafu. Alimjua mumewe. Alijua kwamba neno lile amelingoja tangu ana manyoya kwenye nywele, na sasa limeletwa mpaka kaunta yake na mtu aliyeshika kofia. Alishasema mara moja kwa niaba yake, na bei yake alikuwa bado anailipa.

Ödön aliitazama ile kofia. Ilikuwa imechakaa ukingoni.

"Ninashukuru sana," akasema. "Lakini siwezi kukubali baraza lidanganywe. Marehemu baba yangu aliuza bukini, bwana. Mimi niliwanyonyoa kwa ujira. Kila mtu aliona. Mtu kama mimi angekuosha vipi wewe?"

"Vadkerti, nakusihi."

"Sina hadhi, bwana. Mmeamua wenyewe." Akawafungulia mlango, akawatakia mchana mwema.

Jumamosi iliyofuata Ödön akaenda sokoni mwenyewe. Akarudi na bukini mzima kwapani, akipita katikati ya uwanja, mbele ya madirisha ya mkahawa, bila kofia ndefu. Jikoni Piroska akamchinja, akamtia maji ya moto, akaanza kumnyonyoa. Ödön alisimama akimtazama, kisha akavuta kiti.

"Lete hapa, mama watoto," akasema. "Unamchuna ngozi."

Akakunja mikono ya shati, akamweka ndege magotini. Vidole vyake havikuwa vimesahau. Kabla supu haijachemka, manyoya yalikuwa yamejaa sakafuni, na yeye anamsimulia namna baba yake alivyokuwa akiita wateja.